James Earl Jones: sauti iliyokomaa ndani ya ukimya

Tarehe 9 Septemba 2024 muzee mumoja wa miaka 93 alifariki nyumbani kwake mu jimbo la New York. Jina lake James Earl Jones. Ukiuliza vijana wa promosheni yako kama wanamujua, wengi watasema hapana. Sasa waulize kama wanamujua Mufasa, baba yake Simba. Waulize kama wanamujua Dark Vador, ule wa kofia nyeusi mwenye kupumua kama mashine. Waulize kama waliona mufalme wa Zamunda mu Un prince à New York. Hapo wote watacheka na kusema ndiyo, hao ni watu wa nyumbani. Kumbe walikuwa wanamujua tangu utoto, jina lake tu njo lilikosekana.

Kwa sisi wa Congo kuna jambo la kuchekesha zaidi. Filimu hizi zilifikaga kwetu mu Kifaransa. Mufasa tuliyemusikia sisi, ni Jean Reno njo alimupatia sauti. Kwa hiyo mutu ambaye dunia inamukumbuka kwa sauti, wengi wetu tulimupenda bila kusikia sauti yenyewe. Kilichobaki chetu mu filimu ile ni majina: Simba, Rafiki, Sarabi, Pumbaa, hata Shenzi ule fisi. Hayo hayatuombi kamusi.

Ninamuandikia leo juu ya jambo moja. Mutu huyu mwenye sauti iliyojulikana kuliko sauti nyingi za karne yake alikaa karibu miaka 8 ya utoto bila kuongea mbele ya watu. Na sisi tuliotoka ku unif tuna tabia ya kupima akili ya mutu kwa mwendo wa ulimi wake. Mwenye kumimina Kifaransa haraka tunamuita kichwa. Mwenye kunyamaza tunamusahau. Historia ya Jones inauliza kama kipimo hicho ni cha kweli.

Mutoto wa wakulima

Alizaliwa tarehe 17 Januari 1931 ku Arkabutla, mu jimbo la Mississippi, inchi ya pamba ambako ubaguzi wa rangi ulikuwa ni sheria iliyoandikwa. Baba yake, Robert Earl Jones, aliondoka mbele mutoto azaliwe. Alikuwa bondia, kisha akawa muigizaji. Ndiye Luther mu filimu The Sting ya 1973. Mama yake, Ruth, alikuwa anatafuta maisha mbali. Mutoto alilelewa na wazazi wa mama, John Henry na Maggie Connolly, watu wa shamba.

Alipokuwa na miaka 5 hivi, jamaa yote ilihama kusini na kupanda kaskazini, ku jimbo la Michigan. Hawakuwa peke yao. Kati ya 1910 na 1970 watu weusi karibu milioni 6 waliacha majimbo ya kusini mwa Marekani, wakikimbia ubaguzi na umaskini wa pamba. Wengi waliingia mu miji ya viwanda kama Chicago na Detroit. Akina Connolly wao walirudi mu udongo. Mimi mutu wa agronomia ninasimamaga kidogo hapa. Mukulima mwenye kuacha inchi ya joto na kwenda kulima kule theluji inalala chini miezi na miezi, huyo anaanza masomo upya akiwa tayari mukubwa. Majira si yale, udongo si ule, mbegu si zile.

Mutoto naye alianza upya, lakini kwa upande wa uchungu. Kigugumizi kilimushika. Neno lilikuwa linakwama mu koo, watoto wengine wanacheka. Akachukua njia ambayo mutoto mwenye haya anaweza kuichukua: akanyamaza. Tangu miaka 6 hivi mpaka 14, ku shule hakuongea. Nyumbani alitoa maneno machache ya lazima. Shambani aliongea na wanyama, juu ng'ombe hachekagi mutu.

Mwalimu na shairi la balungi

Shule yake ya sekondari iliitwa Dickson Rural Agricultural School, ku kijiji cha Brethren. Ndiyo, bandugu wa agronomia, shule ya kilimo ya kijijini! Hapo kulikuwa mwalimu mumoja, Donald Crouch, aliyekuwa amefundisha ku chuo kikuu mbele ya kufika pale. Crouch aligundua kwamba kijana huyu asiyeongea anaandika mashairi.

Siku moja kijana aliandika shairi la kusifu balungi, lile tunda tunaitaga pamplemousse. Matunda hayo yalikuwa yamefika Michigan wakati wa baridi, yametoka Florida, na kijana alishangaa ladha yake mpaka akaifanyia shairi. Mwalimu alilisoma, kisha akamutega mbele ya darasa: shairi ni zuri mno, inawezekana amelinakili mahali, kwa hiyo athibitishe ni lake kwa kusimama na kulitoa kwa kichwa. Kijana alijikuta mu shida mbili. Akinyamaza, ataitwa mwizi. Akifungua kinywa, watacheka. Akachagua kufungua kinywa. Shairi lilitoka lote, tangu mwanzo mpaka mwisho, bila kukwama.

Si muujiza. Wataalamu wa usemi wanajua kwamba watu wengi wenye kigugumizi hawakwami wakiimba, wakisoma pamoja na wengine, au wakifuata mapigo fulani. Maneno yaliyokwisha kupangwa yanapita njia yake mu kichwa. Yale ya kubuni palepale ndiyo yanagonga ukuta. Crouch hakumupa kijana hotuba ya kumutia moyo. Alimupa kazi: kusoma kwa sauti, kushika maandishi kwa kichwa, kuingia mu mashindano ya kusema mbele ya watu. Kila siku kidogo.

Jambo hili ninalijua kwa mwili wangu, juu mimi pia nina kigugumizi. Siku ya kutetea kazi yangu ya mwisho ku chuo kikuu, nilikuwa nimefanya utafiti juu ya ugonjwa wa mozaiki ya mihogo, na neno "mihogo" lilikataa kutoka. Mwalimu mumoja mbele yangu akaangalia saa. Nikaanza kuzunguka: "zao hili", "mumea huu", "chakula kikuu cha wananchi wetu". Nusu saa nzima sikutaja mihogo hata mara moja. Kisha mutu akanipongeza kwa lugha yangu nzuri! Yeye alisikia ufasaha, mimi nilikuwa ninakimbia. Mwenye kigugumizi anaishi hivyo, anatembea na mufuko wa maneno ya akiba.

Jones mwenyewe hakusemaga kwamba alipona. Mpaka uzee wake alieleza kwamba kigugumizi kiko bado ndani, na kwamba anachagua maneno kwa uangalifu ili apite. Ule mwendo wa polepole, kila neno limewekwa chini kama jiwe la musingi, dunia iliuita heshima ya mufalme. Mizizi yake ilikuwa tahadhari ya mutoto wa Michigan.

Miaka ya nafasi ndogo

Mwaka 1949 alimaliza sekondari na kuingia ku chuo kikuu cha Michigan kusoma utabibu. Muone namna anafanana na wengi wetu: mutoto wa kijiji mwenye akili, watu wote wanangoja awe daktari. Lakini moyo haukuwa pale. Alibadilisha, akasoma sanaa ya maigizo, akapata shahada mu 1955. Wakati huohuo alikuwa mu mafunzo ya kijeshi ya wanafunzi, na alitumika kama ofisa wa jeshi mu milima ya Colorado.

Wakati wa likizo alifanya kazi ku Ramsdell Theatre, nyumba ya michezo ya muji mudogo wa Manistee, karibu na shamba la babu. Alianza kama fundi wa mbao na wa jukwaa, akamalizia kwa kucheza Othello. Kisha akaenda New York, akakutana na baba ambaye hakumulea, wakaishi pamoja kwa muda. Muchana mafunzo ya uigizaji, na ili kula, kazi ya kusafisha majumba ya watu. Shahada mu mufuko, ufagio mu mukono. Wangapi kati yenu munaosoma hapa munajua hali hiyo?

Mu 1958 alipata nafasi ku Cort Theatre, mu muchezo unaoitwa Sunrise at Campobello. Alicheza mutumishi wa nyumba, na maneno yake yalikuwa kidogo sana. Likumbukeni jina hilo la Cort, tutalirudilia. Kisha miaka ya kucheza Shakespeare bure kwa wananchi mu bustani ya Central Park, chini ya Joseph Papp. Pale ndipo Stanley Kubrick alimuona, akamupa kazi ya kwanza ya filimu: Luteni Zogg, mumoja wa askari wa ndege ya mabomu mu Dr. Strangelove ya 1964. Alikuwa na miaka 33.

Mu 1966 aliingia mu tamthilia za televizyo za muchana, As the World Turns na Guiding Light, kati ya waigizaji weusi wa kwanza kupata nafasi ya kurudi kila mara mu tamthilia za namna hiyo. Mu zote mbili alicheza daktari. Utabibu alioukimbia ulimufuata mpaka mu tele.

Bondia, na njia ya kufika Kinshasa

Mulango mukubwa ulifunguka mu 1967 ku Washington, na 1968 ku Broadway, kwa muchezo The Great White Hope wa Howard Sackler. Ni historia ya Jack Johnson, iliyobadilishwa jina tu. Johnson ndiye mutu mweusi wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa uzito wa juu, mu 1908. Marekani ya wazungu ilitafuta kila mahali muzungu wa kumupiga, na tarehe 4 Julai 1910 Johnson alimupiga pia Jim Jeffries aliyerudishwa kutoka mapumziko kwa kazi hiyo. Kwa vile ngumi zilishindwa, wakatumia mahakama.

Jones alinyoa kichwa, akajenga mwili, akaingia mu bondia huyo mpaka watu wakasahau kwamba ni muchezo. Kati ya watazamaji alikuwemo Muhammad Ali. Mwaka 1967 Ali alikuwa amenyang'anywa ubingwa juu alikataa kwenda vita ya Vietnam. Akiwa amefungiwa ulingo, alikuja kumuona Jones jukwaani, na aliona maisha yake mwenyewe mbele ya macho: bingwa mweusi ambaye serikali inamupiga kwa karatasi.

Sisi tunajua mwisho wa habari ya Ali, juu uliandikwa kwetu. Tarehe 30 Oktoba 1974, ku Kinshasa, mu Stade du 20 Mai, alimuangusha George Foreman raundi ya 8 na kurudisha ubingwa wake. Wazee wetu wanasimuliaga usiku ule mpaka leo. Mu 1977 Ali alijicheza mwenyewe mu filimu The Greatest, na ndani yake Malcolm X alichezwa na nani? James Earl Jones.

The Great White Hope ilimuletea Tony ya 1969, zawadi kubwa ya michezo ya jukwaani kule Marekani. Filimu ilitoka 1970, na Jones akachaguliwa kugombea Oscar ya muigizaji bora. Mbele yake, mwanaume mweusi mumoja tu alikuwa amefika hapo: Sidney Poitier.

Sauti bila jina

Mwaka ule wa 1977 George Lucas alikuwa na shida. Dark Vador alichezwa na David Prowse, Muingereza mwenye mwili mukubwa, lakini sauti yake haikufaa. Lucas akamuita Jones. Kazi ilichukua saa chache mu studio, na Jones mwenyewe alisemaga kwamba alilipwa dola 7,000 hivi. Filimu ikaleta pesa za kushangaza dunia.

Kinachonigusa ni hiki: mu filimu mbili za kwanza, jina lake halikuandikwa mwishoni, na ni yeye aliyekataa liandikwe. Aliona kwamba muigizaji ni Prowse, na yeye alikuwa tu sehemu ya ufundi wa sauti. Jina lilionekana mu filimu ya tatu, 1983. Tunaweza kumucheka kwamba alikosa biashara. Mimi ninaona mutu aliyejua kutenganisha kazi na sifa. Lakini sitaki kupamba mambo: wandugu, bei muongee mbele ya kazi, wala si baada yake.

Televizyo nayo haikumusahau. Mu 1979 alikuwa Alex Haley mu Roots: The Next Generations, mwandishi mwenye kufuata nyayo za ukoo wake mpaka Gambia kumutafuta Kunta Kinte. Mwaka huohuo alipewa filimu ya mufululizo inayoitwa Paris, yeye akiwa kapiteni wa polisi. Watazamaji walikosekana, ikasimama baada ya vipindi 13 tu. Alikuwa na miaka karibu 50, na jina kubwa, na bado kazi ilianguka. Mu 1987 alirudi jukwaani mu Fences ya August Wilson, akicheza Troy Maxson, mutu wa kubeba takataka aliyekosa nafasi ya michezo juu ya rangi yake, na ambaye sasa anamuzuia mutoto wake kuota. Tony ya pili. Mu 1991 alipokea Emmy mbili kwa mwaka mumoja: moja ya Gabriel's Fire, polisi wa zamani aliyetoka gerezani baada ya miaka 20, ingine ya Heat Wave, filimu ya televizyo juu ya machafuko ya Watts ya 1965.

Mufalme, padri, baba

Mu Un prince à New York, 1988, ni Jaffe Joffer, mufalme wa inchi ya Afrika isiyokuwa ku ramani. Madge Sinclair alikuwa malkia wake. Miaka 6 nyuma ya pale, hao wawili wakakutana tena mu The Lion King: yeye Mufasa, mama huyo Sarabi. Mu 2019 filimu ilipofanywa upya, waigizaji wote wakubwa walibadilishwa, Mufasa peke yake akabaki na sauti yake ya zamani.

Mwenye kutaka kumuona akicheza Mwafrika wa kweli, atafute Cry, the Beloved Country ya 1995, iliyotengenezwa Afrika ya Kusini mara baada ya apartheid kuanguka. Ni padri wa kijiji, Stephen Kumalo, anayeshuka Johannesburg kumutafuta mutoto wake na kumukuta mu gereza. Hapo sauti kubwa inakuwa ndogo, karibu kunong'ona. Kwangu ndiyo kazi yake ya juu, juu anaonyesha kwamba anajua pia kutumia ukimya.

Mu Novemba 2011 walimupa Oscar ya heshima. Yeye hakuwa Hollywood, alikuwa London, jukwaani, anafanya kazi. Ben Kingsley alipanda jukwaa baada ya muchezo na kumukabizi pale mbele ya watazamaji. Muzee alikuwa na miaka 80.

Na Cort Theatre? Mu 2022 nyumba ile ilibadilishwa jina. Leo inaitwa James Earl Jones Theatre. Miaka 64 baada ya mutumishi mwenye maneno machache, jina lake liko juu ya mulango.

Mwaka huohuo wa 2022 tulijua pia kwamba alikubali rekodi zake za zamani zitumiwe na kompyuta kumutengenezea Dark Vador sauti ya ujana, mu filimu ya mufululizo Obi-Wan Kenobi. Kazi hiyo ilifanywa na kampuni ya Ukraine, vita ikiwa inapiga kule. Sauti ambayo mutoto mumoja aliizika akiwa na miaka 6, sasa mashine inaweza kuisema bila yeye. Wengine wanafurahi, wengine wanaogopa. Mimi ninasema angalau yeye aliulizwa, na alijibu. Je, sisi tunaotupa sauti zetu na sura zetu ovyo ku telefone, nani alituuliza?

Tukirudilia kipimo chetu cha ulimi: mu 1945, mutu angepita mu darasa la Brethren na kutafuta kijana atakayejaza dunia kwa sauti yake, angemuruka Jones wa kwanza. Hakukuwa alama yoyote, ila karatasi alizoandika na mwalimu aliyechukua wakati wa kuzisoma. Mu shamba tunajua kwamba mbegu nyingi zinakaa chini siku nyingi bila kuonyesha kitu, na mukulima mwenye haraka anafukua kuangalia, anaua.

Wengi mu sisi tunafundisha sasa, ku sekondari, mara nyingi bila mushahara wa kueleweka. Mu darasa lako yuko mumoja nyuma, karibu na dirisha, hajainua mukono tangu mwaka uanze. Kesho chukua daftari lake, usome anachoandika. Kisha umuombe asimame.